Reli za katikati msiziguse: jibu langu kuhusu daraja la Basarab

Ndugu Mhariri,

Salamu kwako na kwa wote hapo chumba cha habari. Naandika kuhusu ile picha kubwa mliyoitoa ya daraja la Basarab la Bucharest, Romania, lile la juu lenye kebo, ambalo chini yake mliandika ni "barabara ya angani ya magari", halafu baadaye mkachapa barua ya msomaji mwenzetu aliyesema akiiangalia picha hiyo anaona nafasi iliyopotea, yaani zile reli mbili za tramu (treni ndogo za umeme zinazopita barabarani mjini) zilizopita katikati zingefukiwa tu lami, magari yangepata njia mbili za ziada na foleni ingekwisha. Nimesoma ile barua zaidi ya mara moja. Sina ugomvi na aliyeandika, najua watu wengi wanafikiri hivyo hivyo, lakini siwezi kunyamaza kwa sababu hilo daraja nalijua, nimesoma Bucharest na nimekaa mtaa wa Regie ambako wanafunzi wengi wa chuo kikuu cha Politehnica wanakaa, na nikienda upande wa pili wa mji ilikuwa lazima nipite pale juu. Kwa hiyo naomba nafasi, na naomba msinikate sana.

Kwanza kabisa tuelewane hilo daraja liko wapi na linavuka nini, maana kwenye picha inaonekana kama linavuka hewa. Pale chini kuna reli za Gara de Nord, stesheni kubwa kuliko zote Romania, na kastesheni kengine pembeni kanaitwa Basarab. Treni zikitoka Gara de Nord zinatawanyika kwenye njia nyingi sana, kwa hiyo ule ukanda wa reli ni mpana na umeukata mji vipande viwili kwa miaka mingi. Kusini kidogo kuna mto Dâmbovița nao unakatiza. Ukiwa upande wa Grozăvești na unataka kwenda upande wa barabara ya Titulescu, ambapo kwa macho unapaona kabisa ni pale, ulikuwa unazunguka. Kuna daraja jingine mbele huko linaitwa Podul Grant, tramu ya 41 inapita pale, ila hilo linatumikia njia nyingine, halikupeleki huku. Ndipo jiji likaamua kuifunga ile barabara ya mzunguko wa ndani kwa daraja moja refu, karibu kilomita 2 ukihesabu na miinuko yake, lenye sehemu mbili za kuangaliwa: juu ya mto kuna tao la chuma, na juu ya reli kuna hiyo sehemu ya kebo mliyopiga picha. Kazi ilifanywa na makampuni mawili kwa ubia, Astaldi ya Italia na FCC ya Hispania, na likafunguliwa Juni 17, 2011 wakati meya ni Sorin Oprescu.

Sasa swali ambalo hakuna anayeliuliza: kwa nini kebo? Watu wanadhani ni urembo. Kweli ni zuri, usiku taa zikiwaka unaweza kusimama ukaangalia tu, ila injinia hakuchagua kebo kwa ajili ya picha zenu. Alichagua kwa sababu chini kuna treni. Daraja la kawaida la zege linataka nguzo kila baada ya mita kadhaa, na nguzo hizo ungezichimbia wapi katikati ya njia za treni zote zile? Ungelazimika kuhamisha reli, kusimamisha treni, kubadilisha mpaka ishara za stesheni. Kwenye daraja la kebo unasimamisha nguzo ndefu pembeni ya reli, halafu kutoka kileleni kebo zinashuka moja kwa moja zimenyooka mpaka kwenye sakafu na kuishika. Sio kama yale madaraja ya kuning'inia yenye kamba moja kubwa iliyolegea kama bembea na vijikamba vinavyoshuka kutoka kwake, hapana, hapa kila kebo ina kazi yake na kila kebo inavuta peke yake. Nguzo inakuwa katikati ya vipande viwili vya sakafu na uzito uko pande zote mbili unasawazishana, sawasawa na mtu aliyebeba mzega begani, upande mmoja ukizidi lazima mwili mzima upinde. Na uzuri mwingine wa aina hii ni kwamba sakafu inaweza kujengwa kipande kwa kipande ikitokeza kutoka kwenye nguzo, kila kipande kikishashikwa na kebo yake ndio kinafuata kingine, bila kujaza magogo na vyuma vya kuegemeza kule chini.

Halafu kuna kitu kingine ambacho jamaa yetu wa barua hajakiona. Kebo zikivuta sakafu kwenda juu, zinaivuta pia kuelekea kwenye nguzo, kwa hiyo sakafu yote imebanwa kwa ndani muda wote. Kila kitu kimepigiwa hesabu kwa uzito fulani uliokaa mahali fulani. Tramu ni nzito jamani. Tramu moja ndefu ya kisasa ikiwa tupu inaweza kufika tani 40, weka watu 200 ndani wenye kilo 70 kila mmoja unaongeza tani 14, na uzito wote huo unashuka kwenye magurudumu machache ya chuma yaliyo kwenye mistari ile ile kila siku. Gari dogo linaweza kuhama likaenda kulia au kushoto, tramu haihami. Kwa hiyo kuiweka katikati kuna maana yake, kwa sababu sakafu ya Basarab ni pana sana, inazidi mita 44, na lilipofunguliwa lilisifiwa kuwa daraja la kebo lililo pana kuliko yote Ulaya, sasa kitu kipana hivyo ukiweka mzigo mzito pembeni sakafu inataka kujipinda kama ubao ulioshikwa upande mmoja. Ukiuweka katikati kebo za kulia na za kushoto zinagawana sawa. Hiyo nafasi anayoiona imepotea ndiyo mahali ambapo uzito mkubwa unatakiwa ukae.

Tuje kwenye hesabu ya njia mbili za ziada, maana hapa ndipo penye moyo wa barua yangu. Reli mbili ukizitoa unapata njia moja ya magari kwenda na moja kurudi, sio mbili kila upande. Njia moja ya gari ya mjini, ikiwa inaishia kwenye taa, inapitisha magari wakati taa ni ya kijani tu, tuseme nusu ya saa katika kila saa. Mafundi wa barabara wanajua njia moja taa ikiwa kijani mfululizo inapitisha kama magari 1,800 kwa saa, kwa hiyo nusu yake ni 900. Ndani ya gari la mjini asubuhi kuna mtu mmoja, mara moja moja wawili, weka wastani wa mtu mmoja na nusu, nakuwa mkarimu hapo. Unapata watu 1,350 kwa saa. Sasa chukua tramu ya watu 200 inayopita kila baada ya dakika 3, hiyo ni tramu 20 kwa saa, watu 4,000, upande mmoja tu. Hata ukipunguza ukasema inapita kila dakika 6 bado ni 2,000. Yaani ukizifukia reli uweke lami umepunguza idadi ya watu wanaovuka, hujaongeza. Na hao waliokuwa kwenye tramu hawapotei, wengine watanunua gari, watakuja kupanga foleni nyuma yako wewe uliyetaka reli zifukiwe.

Na foleni yenyewe haitoki juu ya daraja. Hiki kitu naomba watu wakielewe hata kama hamtachapa kingine chochote nilichoandika. Juu ya daraja hakuna taa, hakuna makutano, hakuna wa kukata kona, kwa hiyo pale juu gari linakimbia vizuri, tatizo linaanzia unaposhuka. Unashuka Titulescu unakuta taa na magari ya pembeni, unashuka Grozăvești unakuta hivyo hivyo. Flaiova yoyote duniani inaisha mahali, na pale inapoisha ndipo inapokabidhi foleni yake. Ukipanua katikati bila kupanua mwisho umetengeneza sehemu pana ya kusubiria. Tramu yenyewe inashuka kwenye reli zake na inaendelea, kama ile ya namba 1 niliyoijua, ilielekea uwanja wa Piața Victoriei, ikapita barabara ya Ștefan cel Mare mpaka mtaa wa Obor, na ndiyo maana nasema daraja hilo liliunganisha mzunguko wa tramu kabla hujafika kwenye habari ya magari.

Kuna jambo jingine ambalo picha yenu haikulionyesha kabisa, labda kwa sababu mpiga picha alisimama mbali. Pale juu, katikati ya zile kebo, kuna kituo cha tramu. Kituo kamili kabisa, kina majukwaa, na kiko juu ya stesheni ya treni, na chini ya ardhi karibu na hapo kuna metro ya Basarab ambayo njia mbili, M1 na M4, zinakutana. Fikiria mtu ametoka mkoani na treni, ana begi na mtoto, anapanda juu kidogo anakuta tramu, au anashuka chini anakuta metro. Hiyo ndiyo akili kubwa ya huu mradi. Sio kebo, sio taa za usiku, ni kwamba mtu asiye na gari anaweza kubadilisha usafiri bila kutoka nje kuzunguka barabara kubwa.

Ila hapo hapo ndipo pananiuma. Kituo kilichowekwa angani kinategemea lifti na ngazi za umeme kuliko kituo chochote cha chini. Kituo cha barabarani kikiharibika utasimama kwenye mvua lakini utapanda tramu. Kituo cha juu lifti ikifa, mama mwenye mtoto wa kubeba, mzee wa magoti, mtu wa kiti cha magurudumu, wote hao kwao kituo hakipo tena, kimefutwa. Na ukiangalia hesabu za miradi hii mikubwa kila mahali, pesa ya kujenga lifti inapatikana siku ya uzinduzi, meya anasimama mbele yake, lakini pesa ya fundi wa kuja kubadilisha mkanda na mota miaka minne baadaye inatafutwa kwa tochi. Mimi naona lifti ya kituo cha juu ingepewa umuhimu sawa na kebo zenyewe, isihesabiwe kama pambo. Ikisimama itangazwe, na itengenezwe kwa haraka ile ile ambayo shimo la barabarani linazibwa viongozi wakiwa wanapita. Mwandishi wenu akienda kupiga picha nyingine, aanzie hapo chini kwenye mlango wa lifti.

Sasa mtu atasema sawa, umetetea tramu, lakini je tramu haiharibu daraja? Swali zuri na jibu lake sio jepesi, nataka niliseme kwa ukweli. Tramu inaendeshwa kwa umeme wa mkondo mmoja, kwa kawaida volti 600 mpaka 750. Umeme unaingia kwa waya wa juu, unazungusha mota, halafu unarudi kituo cha umeme kupitia reli zenyewe. Sasa reli ikiwa haijatengwa vizuri na zege lililo chini yake, sehemu ya umeme inatoroka, inaingia kwenye zege, inatafuta chuma chochote cha kupita, nondo, bomba, kamba za chuma zilizokazwa ndani. Pale umeme unapokiacha chuma kurudi ulikotoka, chuma kinaliwa. Na kinaliwa kwa hesabu inayojulikana kabisa, ampea moja ikitoroka kwa mwaka mzima inaondoka na chuma kama kilo 9. Moja tu! Ndiyo maana reli za darajani zinavalishwa mpira, zinalazwa juu ya kitu kisichopitisha umeme, na nondo zinaunganishwa pamoja ili mafundi waweze kupima kama kuna umeme unaozurura. Ile mipira ikichanika, maji ya barafu na chumvi ya barabarani vikiingia, na Bucharest majira ya baridi chumvi inamwagwa kweli kweli, basi kazi ya kula inaanza kimya kimya, mtu anayepita juu haoni chochote.

Kitu kingine ni kutanuka. Daraja refu likipata jua la kiangazi linarefuka, likipata baridi linafupika, na pale linapokutana na barabara ya nchi kavu kuna kiungio cha kucheza. Kwa gari sio shida, tairi linaruka vidole vya chuma, unasikia tu "tak tak". Reli haitaki pengo kwa sababu gurudumu la chuma litaipiga na kuivunja, kwa hiyo inawekewa kifaa maalumu chenye ncha mbili zilizochongwa zinazoteleza ubavuni mwa mwenzake. Vifaa hivi vinataka kukaguliwa na kusafishwa mara kwa mara. Ukiona tramu inapunguza mwendo sana kabla ya kupanda daraja, mara nyingi hapo ndipo penye shida, na tramu inayotambaa watu wanaikimbia, halafu wanakuja kusema "tazama, tramu yenyewe haina watu". Mnaona mzunguko unavyoanza?

Nimetaja kuliwa kwa chuma, nisiishie hapo, maana kuna mambo mawili yametokea Ulaya ambayo kila mwenye daraja anatakiwa ayakumbuke. Genoa, Italia, Agosti 14, 2018, daraja la Polcevera lililoundwa na Riccardo Morandi na kufunguliwa 1967 lilianguka wakati wa mvua, watu 43 wakafa. Lile nalo lilikuwa la kebo, ila kebo zake zilikuwa chache mno na zilifungwa ndani ya zege, kwa hiyo kutu ikiwa ndani huwezi kuiona, na moja ikikatika hakuna mwenzake wa kushika mzigo. Madaraja ya siku hizi yamejifunza, kebo ni nyingi, kila kebo ndani yake ina nyuzi nyingi za chuma, kila uzi umepakwa grisi na kuvalishwa plastiki, unaweza kutoa kebo moja ukaweka nyingine daraja likiendelea kusimama. Kuona kebo nyingi nyembamba badala ya chache nene kunanipa amani, sio uzuri tu.

La pili ni Dresden, Ujerumani, Septemba 11, 2024, alfajiri kama saa tisa usiku. Daraja la Carola lilikuwa na sehemu tatu sambamba, na ile iliyobeba reli za tramu ndiyo iliyoanguka kwenye mto Elbe, kama mita 100 hivi. Tramu ya mwisho ilikuwa imepita dakika chache tu kabla. Hakuna aliyekufa, na ukifikiria ingekuwa saa mbili asubuhi mwili unasisimka. Hilo halikuwa la kebo, lilikuwa la zege lenye vyuma vilivyokazwa ndani, na wachunguzi wakakuta vyuma hivyo vilikuwa vimepasuka kidogo kidogo kwa miaka mingi tangu enzi za kujengwa, halafu uchovu wa mizigo ya kila siku ukamalizia. Sasa jamaa yetu anaweza kuishika habari hii akasema mnaona, tramu inaangusha madaraja. Sivyo. Vyuma viliharibika vikiwa ndani mahali ambapo jicho halifiki, na jibu lake ni kupima, kusikiliza, kuweka vifaa vinavyonasa mlio wa uzi ukikatika, na kuwa na bajeti ya hayo yote kabla ya habari mbaya. Kuondoa tramu hakuponyi chuma kilichopasuka. Malori nayo yanapita.

Na wala Bucharest haikubuni kitu kigeni, msije mkadhani ni wazimu wa Waromania. Cologne pale Ujerumani kuna Severinsbrücke tangu 1959, la kebo, lina nguzo moja tu kama herufi A, wakaiweka upande wa mashariki wa mto Rhine ili isishindane na kanisa lao kuu, na mpaka leo linabeba magari na treni za mjini. Düsseldorf nao walifanya jambo ambalo nikilisimulia watu hawaamini: walijenga daraja jipya la Oberkassel pembeni ya la zamani, wakabomoa la zamani, halafu Aprili 1976 wakalisukuma jipya zima zima mita 47.5 kando mpaka likakaa mahali pake, na reli zake juu. Mannheim na Ludwigshafen, huko huko Ujerumani, wana la kwao la 1972. Na Portland, Marekani, mwaka 2015 wakafungua Tilikum Crossing, daraja la kebo linalobeba treni za mjini, tramu, mabasi, baiskeli na watembea kwa miguu, magari binafsi hayaruhusiwi kabisa. Sisemi Basarab wafanye hivyo. Nasema tu kwamba mwingine alipokaa na karatasi tupu mbele yake alianza kwa kuyatoa magari, sio reli.

Nisije nikaonekana nalisifia kila kitu. Mradi ule ulichelewa, gharama zikapanda kupita zilivyotajwa mwanzoni, na kuna watu walibomolewa nyumba zao kulipisha. Kuna fleti ambazo madirisha yake leo yanaangaliana na daraja, mtu anafungua pazia anaona taa za magari, na vumbi na kelele ni zake usiku kucha. Hao hawakuulizwa vizuri. Kila anayezungumzia uzuri wa lile daraja angetakiwa akae nusu saa kwenye ghorofa ya tatu ya moja ya zile fleti kabla hajaandika. Na kwangu hiyo ni sababu nyingine ya kutetea tramu, kwa sababu kama umemwekea mtu daraja dirishani kwake kwa jina la faida ya umma, basi lipitishe umma kweli, wengi iwezekanavyo kwa kelele kidogo iwezekanavyo. Kumwambia alivumilie ili njia moja zaidi ya magari yenye mtu mmoja mmoja ipatikane, hapana, hiyo siwezi kuikubali.

Na kelele ya tramu inapunguzika, hili nalo watu hawalijui. Reli zikisagwa zikawa laini, magurudumu yakichongwa yakawa duara kamili, na chini ya reli kukiwa na mpira, tramu inapita kwa sauti ndogo sana. Reli zikiachwa zikawa na mawimbi juu yake ndipo unasikia ule mngurumo unaotikisa vioo. Jiji la Bucharest miaka ya karibuni limenunua tramu mpya 100 za aina ya Imperio zinazotengenezwa na kiwanda cha Astra cha mji wa Arad, Romania, ndefu zaidi ya mita 35, sakafu iko chini, mtu wa kiti cha magurudumu anaingia bila kubebwa. Ni pesa nyingi na nimefurahi kuona wameziweka huko, ila tramu mpya kwenye reli mbovu ni hasara mara mbili, reli inaiharibu tramu na tramu inaimalizia reli. Kwa hiyo badala ya kujadili kufukia reli za darajani, mjadala ungekuwa reli hizo zinasagwa lini, ile mipira imekaguliwa lini, na taa za kule Titulescu kwa nini zisiipe tramu kijani kwanza inaposhuka, maana ina watu 200 ndani na inasubirishwa na magari sita.

Ombi langu kwenu Mhariri ni dogo. Yale maneno ya chini ya picha myarekebishe, muandike kuwa ni daraja la magari na tramu, kwa sababu msomaji akisoma "ya magari" tu na akaona reli katikati, lazima atauliza reli zinafanya nini hapo, na jibu la kwanza litakalomjia ni lile la mwenzetu. Na kama mna nafasi, tafuteni injinia wa madaraja mumhoji, mumuulize hasa hilo la umeme unaotoroka kwenye reli na la kebo zinakaguliwaje, wasomaji wengi tungelipia gazeti kwa habari hiyo moja. Ndugu yangu aliyeandika ile barua naye namkaribisha anijibu hapa hapa, aje na hesabu zake za watu kwa saa, upande mmoja, juu ya lile daraja, tuziweke kando ya hizi zangu.

Ni mimi msomaji wenu,
niliyewahi kukaa Regie, Bucharest